Mkono Uliofuata Bendi

Taurino Marcial alizunguka na mashine ya picha zinazotembea kwa miaka ishirini na mbili. Alipiga picha harusi na mafuriko, majogoo wakipigana, na gavana mmoja aliyeteleza kwenye ngazi za stesheni mbele ya heshima zote alizoandaliwa. Ziko familia katika vijiji vya nyuma ya milima ambazo zisingejua babu yao alikuwa anatembeaje, kama si Taurino kufika siku hiyo na punda wake wawili.

Lakini kabla ya hayo yote alikuwa mpiga ngoma kubwa katika bendi ya mtaa wa Laborío, mji wa Tehuantepec. Siku za kazi alitengeneza magurudumu ya mikokoteni ya ng'ombe. Siku za sikukuu alijifunga ngoma tumboni na kutembea nyuma kabisa, akila vumbi la wenzake. Wapiga tarumbeta ndio waliotazamwa na wasichana. Yeye alitazamwa na mbwa. Hakulalamika. Alikuwa mtu wa maneno machache, na mkewe Cenobia, aliyeuza totopo, vile vikate vikavu vya mahindi, sokoni, alikuwa na maneno ya kuwatosha wote wawili.

Mwaka wa pili baada ya reli kufika, alishuka kwenye treni bwana mmoja kutoka mji wa Puebla aitwaye Hilarión Quiroz. Alikuwa na shuka kubwa jeupe, taa ya gesi, na masanduku mawili ya mbao yenye mpini ubavuni. Masanduku hayo yalikuwa mashine zenyewe. Sanduku lilelile lililopiga picha mchana ndilo lililozirusha kwenye shuka jioni, likiwekwa mbele ya taa. Shida ya Bwana Quiroz ilikuwa bega lake, ambalo lilikuwa limeliwa na baridi yabisi. Alihitaji mtu wa kumzungushia mpini.

Walikuja wengi kujaribiwa. Fundi cherehani alizungusha kama anafukuzwa na mbwa. Mhunzi alizungusha kwa nguvu hadi sanduku likatembea juu ya meza. Taurino alikuwa amefika pale kurekebisha gurudumu tu, akaambiwa na yeye ajaribu. Bwana Quiroz akatoa saa yake ya mfukoni.

"Mizunguko miwili kila sekunde," akasema. "Si miwili na nusu. Miwili."

Taurino akazungusha. Dakika ya kwanza ikapita, ya pili, ya tatu. Bwana Quiroz akaitikisa saa yake akidhani imesimama.

"Unahesabu vipi, wewe?"

"Sihesabu, bwana. Nausikia wimbo."

"Wimbo gani?"

Taurino akaona haya, lakini akauimba chini kwa chini. Ulikuwa ule ambao bendi huwapigia watoto wa shule wakiandamana tarehe kumi na sita Septemba, siku ya uhuru, hatua mbili kila sekunde, kushoto, kulia.

Akapata kazi siku hiyohiyo.

"Mwanaume analipwa kwa kuzungusha mpini!" Cenobia aliwaambia wenzake sokoni. "Na mashine yangu ya kusagia mahindi imekaa nyumbani miaka sita inamngoja, hajaigusa hata siku moja."

Kazi yenyewe haikuwa na siri kubwa. Kila mzunguko wa mpini ulivuta vipicha vinane vya mkanda, na mizunguko miwili ikavuta kumi na sita. Jioni ulizungusha vilevile, miwili kwa sekunde, na mtu kwenye shuka akatembea kama alivyotembea. Wimbo wa watoto wa shule ukawa umo kichwani mwa Taurino mchana na jioni. Alipiga picha treni ikiingia, wafuaji nguo mtoni, na soko lote toka asubuhi mpaka saa sita. Watu wa Tehuantepec hawakutaka kuona mji wa Paris. Walitaka kujiona wenyewe.

"Yule ni mimi! Lakini mbona mgongo wangu mpana hivi?"

"Shoga, sanduku halijui kudanganya."

"Afadhali mgongo wangu. Wako haukuenea kwenye shuka!"

Mwaka ukapita hivyo. Kisha Bwana Quiroz akapata barua ya biashara huko Guatemala, na siku moja akamketisha Taurino kwenye kibaraza cha nyumba ya wageni.

"Mimi naondoka mwisho wa mwezi," akasema. "Nina masanduku mawili na bega moja. Nataka sanduku moja libaki hapa, mtu alifanyie kazi, tugawane mapato. Lakini lazima niwe na hakika kwamba watu watamfuata huyo mtu bila mimi. Nipigie picha ya sherehe ya mtaa wenu. Watu wakiomba kuitazama mara ya pili, sanduku ni lako."

Taurino hakulala vizuri wiki nzima. Alikuwa na miaka thelathini na minne na hakuwahi kutaka kitu kwa namna ile, hata Cenobia hakumtaka kwa hofu kiasi kile, maana Cenobia alikuwa amemchagua yeye.

Mwenyeji wa sherehe mwaka huo alikuwa Bi Petrona Regalado, muuza kamba wakavu, mwanamke mrefu mwenye mkufu wa sarafu za dhahabu uliomfika tumboni. Alikuwa amechinja ng'ombe watatu. Alikuwa amejenga banda la matawi ya mnazi lililofunika uwanja mzima wa nyumba yake. Lakini alichokitaka zaidi ya vyote kilikuwa kimoja, na alimwambia Taurino huku amemshika ukosi.

"Mama yangu atacheza. Wimbo mmoja tu, magoti yake hayana zaidi ya huo, na mwakani sidhani kama yatakuwa na hata huo. Hakuna mwanamke katika mji huu anayejua kucheza kama mama yangu. Hata majirani zetu wa San Blas wanajua hivyo, ila hawasemi. Mchukue vizuri, mwanangu. Nataka wajukuu wa wajukuu wamwone."

"Nitamchukua, mama."

"Ukimharibu nitakukausha pamoja na kamba."

Siku ya sherehe jua lilikuwa kali, zuri kwa picha. Asubuhi Taurino alipiga picha mikokoteni iliyopambwa maua. Mchana alipiga picha wanawake wakiwarushia watu matunda kutoka juu ya mapaa, na embe moja likampata sikioni, lakini mkono wake haukukosea hata robo mzunguko. Wakati huo bendi ilikuwa inakula.

Kisha bendi ikashiba, ikaketi chini ya banda, na mzee Nicanor, kiongozi wake, akainua tarumbeta. Bi Agripina, mama yake Bi Petrona, akatoka katikati. Alikuwa amepita miaka themanini. Alivaa mahameli meusi yenye maua mekundu, na kichwani lesi nyeupe iliyomzunguka uso kama jua lililochorwa kanisani. Wimbo ulikuwa wa zamani, wa polepole, ule ambao mwanamke anaucheza bila kucheka, ameshika pindo la sketi kwa vidole viwili, anageuka kama mtu aliyebeba mtungi uliojaa.

Taurino akaweka mkanda mpya, akaanza kuzungusha. Mpiga ngoma mpya, aliyeshika nafasi yake katika bendi, alipiga vizuri. Taurino aliisikia ile ngoma ikimwingia miguuni, ikapanda tumboni pale pale alipokuwa akiifunga miaka kumi na tano, na ikamfika begani. Alifurahi mno. Alimwona Bi Agripina kwenye kioo cha mashine, mdogo na kamili, akageuka, akashika pindo, akageuka tena. Hata mkanda wenyewe siku ile ulidumu ajabu. Kwa kawaida ulikwisha kabla ya dakika moja, lakini huu ulimchukua bibi karibu wimbo mzima. Taurino akadhani kiwanda kimewaongezea, akamshukuru Mungu.

Bwana Quiroz hakuona kitu. Wanawake walikuwa wamemkalisha kwenye kiti, wamemtia tamale ya unga wa mahindi mkono mmoja na pombe ya meskali mkono wa pili, na kila alipotaka kuinuka walimwongezea.

Siku nne baadaye, mara tu giza lilipoingia, shuka lilitundikwa uwanjani kwa Bi Petrona. Laborío wote walikuja. San Blas nao walikuja, wamevaa dhahabu zao zote. Bi Agripina peke yake hakuwapo, kwa kuwa magoti yalikuwa bado yanadai malipo ya ile ngoma. Taurino akazungusha kwa wimbo wa watoto wa shule, kama siku zote. Mikokoteni ikapita, watu wakapiga makofi. Matunda yakaruka, watu wakainama.

Kisha akatokea Bi Agripina. Alitoka katikati ya uwanja mbio. Akashika pindo kama aliyekanyaga siafu, akageuka kwa kuruka, akageuka tena, akapepesuka, kichwa chake kikiitikia upesi upesi kama kuku anayedonoa. Nyuma yake bendi nzima ilikuwa inapuliza mashavu kama vyura, na mzee Nicanor alikuwa akipiga mguu chini kama mtu anayeua nyoka.

Halafu mwanamke mmoja wa San Blas akasema, kwa sauti ya upole kabisa, "Loo! Kumbe magoti yamepona."

Wakacheka hadi benchi moja likavunjika.

Bi Petrona akainuka akasimama mbele ya shuka. Mama yake akaendelea kurukaruka juu ya kifua chake.

"Zima!"

Taurino akafunika taa.

"Nilikuomba nini?" Bi Petrona akamwuliza. Hakupaza sauti, na ndiyo maana ilitisha. "Nilikuomba mama yangu. Umenipa nini?"

"Mama, sijui..."

"Hajui! Umemgeuza kuku mbele ya watu wa San Blas, hujui. Kesho sitaki kuliona sanduku hilo Laborío. Na ngoma pia usiishike. Mimi nikifanya sherehe, na dada zangu wakifanya, na wakwe zangu wakifanya, wewe kaa kwako."

Asubuhi yake soko zima lilikuwa limeshajua. Taurino alipopita, muuza maua akainuka akaenda kuchota maji kwa vihatua vya haraka haraka, kichwa kikidonoa. Muuza jibini akamfuata hivyohivyo. Mpaka alipofika kwa mkewe alikuwa na kundi la wanawake saba nyuma yake, wote wanatembea kama kuku.

"Mwacheni mume wangu!" Cenobia akasema. Kisha akashindwa kujizuia, akafunika uso kwa kitambaa cha totopo, mabega yakimtikisika.

"Na wewe pia?" Taurino akasema.

"Nisamehe, baba. Ni yule Nicanor na mguu wake."

Bwana Quiroz hakucheka. Alikuwa anafunga mizigo.

"Siwezi kumwachia sanduku mtu aliyefukuzwa na mtaa wake," akasema. "Si kwamba sitaki. Utamwonyesha nani? Sijui hata ulichofanya. Mkono wako haujawahi kukosea."

Taurino akaomba mikanda miwili, akaenda nayo dirishani. Akaiinua kwenye mwanga, mkanda wa mikokoteni mkono mmoja, mkanda wa bibi mkono mwingine. Akahesabu vipicha kwa ukucha. Mwanamke aliyetembea kando ya mkokoteni alichukua vipicha vinane kwa hatua moja. Nicanor, ambaye katika wimbo ule wa polepole mguu wake hupanda na kushuka mara moja kwa sekunde, alichukua vinane tu wakati ilipasa viwe kumi na sita. Akahesabu tena. Kisha akasimama pale dirishani, na bila kutaka mkono wake ukaanza kuzunguka hewani, polepole, mzunguko mmoja kwa kila pigo la ngoma kubwa.

"Bwana Quiroz," akasema, "nimeipigia bendi."

"Nini?"

"Sikuzungusha wimbo wa shule. Nicanor alipoanza, mkono wangu ukamfuata. Miaka kumi na tano umemfuata, bwana, unajua njia peke yake. Nimezungusha nusu, mzunguko mmoja kwa sekunde. Basi sisi tukaonyesha kwa kasi mara mbili."

Bwana Quiroz akakaa juu ya sanduku. Mtu wa Puebla asingeweza kulifanya kosa lile hata angelipwa. Yeye angezungusha miwili kwa sekunde hata kanisa likimwangukia.

"Lakini kama kosa limo mkononi," Taurino akaendelea, na hayo yalikuwa maneno mengi kuliko aliyoyasema mwaka mzima, "si nizungushe kwa mkono uleule? Bendi ikae karibu na shuka, ipige wimbo uleule. Mimi niifuate."

"Picha itapepesapepesa."

"Ipepese."

"Na itaungua. Mkanda ukipita polepole mbele ya taa unaiva kama yai."

Mbele ya ile taa kulikuwa na chupa ya duara iliyojaa maji. Ndiyo iliyokusanya mwanga, na ndiyo iliyomeza joto. Taurino akaigonga kwa kidole. "Tutatia maji ya kisima, baridi kabisa. Na gesi tutaipunguza."

Bwana Quiroz akaanza kufungua kamba za mizigo.

Kazi ngumu ilikuwa kumwendea Bi Petrona. Taurino alizunguka kibanda chake cha kamba mara tatu bila kuthubutu. Mara ya nne Cenobia alimsukuma mgongoni.

"Kuku amekuja," Bi Petrona akasema bila kuinua macho. "Sema."

Akamweleza yote, ya mkono, ya Nicanor na ya chupa ya maji. Bi Petrona aliendelea kupima kamba.

"Kwa hiyo mama yangu yumo humo ndani sawasawa?"

"Yumo, mama. Ni sisi tuliomharakisha."

Akafikiri. "Waalike wote. Waliocheka wakae mbele. Na sikia, Taurino: mama akiruka hata mara moja, huo mkanda utakwenda mtoni, na sanduku litaufuata."

Jioni ya pili watu walikuwa maradufu. Habari zilikuwa zimefika kwamba ama bibi atacheza au sanduku litazamishwa, na hakuna aliyetaka kukosa lolote kati ya hayo. Bi Agripina aliletwa safari hii, amebebwa kwenye kiti na wajukuu wanne, akawekwa mbele kabisa. Nicanor na wenzake walikaa ubavuni mwa shuka, wamechana nywele.

Tarumbeta ikalia. Ngoma kubwa ikaingia. Taurino akashika mpini, akafumba macho. Aliogopa kuangalia, na zaidi ya hapo macho hayakuwa na kazi. Akaiacha ngoma impande miguuni, tumboni, begani, na mkono ukaenda zake. Alisikia harufu ya mkanda ukipata moto. Alisikia Bwana Quiroz akiupuliza na kuomba watakatifu. Kwa watu hakusikia chochote, hata mtoto kukohoa, na kimya kile kilimwogopesha hata akafumbua jicho moja.

Bi Agripina alikuwa anacheza. Mwanga ulipepesa kidogo, kama jua likipita kwenye matawi, lakini alikuwa yeye. Alishika pindo kwa vidole viwili. Aligeuka na mtungi wake usioonekana, wala tone halikumwagika. Alipofika mbele ya mashine aliinua uso, na lile shavu lake likaonyesha kitu ambacho hakikuwa kicheko lakini kilikuwa karibu.

Mkanda ukaisha. Bendi ikamalizia pigo lake la mwisho pamoja nao. Bi Petrona alikuwa amesimama, dhahabu zote zikimtikisika kifuani, anafuta macho kwa kiganja. Yule mwanamke wa San Blas alikuwa naye anafuta yake, akijifanya ni moshi.

"Mama," Bi Petrona akamwinamia bibi. "Umejiona?"

"Nimejiona," Bi Agripina akasema. "Na yule mwingine yuko wapi?"

"Yupi, mama?"

"Yule anayeruka. Soko zima linaniambia nimeruka kama kuku. Mmenibeba kwenye kiti toka nyumbani, mnafikiri nimekuja kumtazama huyu mwenye adabu? Huyu namjua."

"Mama, watu watacheka!"

"Wacheke. Miaka themanini nimecheza polepole kwa ajili ya heshima ya familia. Mimi hata nikiwa msichana sikukimbia, mama yangu alinikataza. Wee kijana! Nikimbize."

Taurino akamtazama Bi Petrona. Bi Petrona akatazama juu mbinguni, kisha akapunga mkono kama anayefukuza nzi.

Mkanda ukarudishwa mwanzo, gesi ikaongezwa. Taurino akaanza wimbo wa watoto wa shule kwa mdomo, waziwazi, na watu wakaudaka, Laborío na San Blas pamoja, kushoto, kulia, wakipiga miguu. Bi Agripina akatoka mbio kwenye shuka. Na yule aliyekuwa kwenye kiti akacheka hadi lesi ikamwangukia puani, akipiga magoti yake mabovu kwa ngumi na kusema, "Mwone! Mwone bibi mchawi yule! Tena!"

Ikaonyeshwa tena. Halafu ya polepole ikaombwa tena, na ya haraka, na wakati huo Bwana Quiroz alikuwa ameacha kuomba watakatifu. Alikaa chini karibu na Taurino akabadilisha maji ya chupa.

"Nilisema mara ya pili," akamnong'oneza. "Hii ni ya tano. Sanduku la kushoto ndilo zuri zaidi. Chukua hilo."

Taurino alitaka kujibu lakini mkono ulikuwa kazini.

Watu walipoanza kutawanyika, Bi Petrona alimjia na sahani ya kamba na kumwambia ale palepale mbele yake. Akamwangalia mpaka akamaliza.

"Mwezi ujao San Blas wana sherehe yao," akasema. "Wameshaniuliza kama utakuja. Nimewaambia utakuja."

"Asante, mama."

"Watacheza, unajua. Wote watacheza." Akageuka kuhakikisha yule mwanamke wa San Blas bado yuko karibu na anasikia. "Wazungushie nusu."

"Nimesikia hilo, Petrona!" yule mwanamke akapiga kelele kutoka mlangoni. "Na sisi tunaitaka hiyohiyo! Ya polepole na ya kuruka, zote mbili!"